Sauti ya Nives

Kwa miaka kumi na mmoja Italia nzima ilimpenda Ersilia Cafiero bila kujua kwamba inapenda wanawake wawili. Uso ulikuwa wake. Sauti ilikuwa ya Nives Bortolin, ambaye kila filamu ikishapigwa alisimama kwenye chumba chenye giza, akatazama picha na kusema maneno juu ya midomo ya Ersilia. Ndivyo tulivyofanya kazi Roma, na jina la Nives halikuandikwa popote. Ersilia alikuwa binti wa muuza samaki wa Pozzuoli, na sauti yake ilikwaruza. "Uso wa malkia, koo la punda," mtayarishaji alipenda kusema.

Februari Nives akafa. Ersilia, ambaye tayari alikuwa na tuzo tatu, akasema wazi: filamu hii mpya atajisemea mwenyewe, la sivyo anaacha kazi. Akapewa asubuhi moja ya kujaribu.

Maneno ya filamu niliyaandika mimi, silabi kwa silabi, yakae sawasawa mdomoni mwake. Nilisimama kando yake. Picha ikawaka, akasema: "Usifunge mlango, bado niko hapa." Sauti yake mwenyewe, nzito, yenye chumvi ya bahari. Sijapata kusikia mstari wangu ukisemwa vile.

"Hebu turudishie, Ottorino," alimwambia fundi wa sauti.

Utepe wa sauti ukarudi. *Usifunge mlango, bado niko hapa.* Laini, safi. Nives.

"Mshenzi wewe! Umeweka utepe wa zamani!"

"Naapa kwa mama yangu, dada. Nimeufungua sasa hivi, karatasi yake hii hapa."

Tukarudia. Nives. Tukabadili kipaza sauti. Nives. Mara ya nne Ersilia aliziba mdomo kwa kiganja, hakutoa hata neno. Utepe uliporudi, sentensi ilikuwamo, na kabla yake pumzi ya mtu anayejiandaa.

Mtayarishaji alipiga makofi nyuma ya kioo. "Malaika! Kumbe miaka yote ulikuwa unatuficha?"

"Huyo si mimi!" Ersilia akapiga kelele.

Sote tuliitazama mashine. Hapakuwa na utepe unaozunguka, na kelele ile ilikuwa laini, ya Nives.

Akakimbilia simu ya ukumbini, nami nyuma yake. "Mama atanijua," alisema akizungusha namba.

Mama yake alizoea kupigia simu kelele kama yuko sokoni, kwa hiyo nilisikia kila neno.

"Mama, ni mimi."

"Ah, wewe! Nakujua, bibi. Kila filamu nakusikia ukimsemea mwanangu. Sina ugomvi nawe, ila leo nataka kusema na yeye. Nipe Ersilia."

"Mama, mimi ndiye Ersilia!"

"Usinifanye mtoto. Namsikia hapo nyuma yako, analia. Kwa nini humwachii simu?"

Niligeuka. Ukumbi ulikuwa mtupu hadi mlangoni, na Ersilia, macho makavu, alikuwa akinitazama nimwambie kuna nani.