Yowe Lililotolewa Kwenye Wimbo

Chumba cha kurekodia kilikuwa na zulia hadi ukutani, feni isiyovuma, na birika la chai ambalo prodyuza peke yake ndiye aliyeruhusiwa kuligusa. Misumari, mwimbaji wa bendi ya panki, ile roki ya makelele, alivuliwa buti mlangoni ili vishindo vyake visiingie kwenye mikrofoni. Albamu ya kwanza waliirekodi kwa mpigo mmoja, wote wamesimama kwenye gereji ya baba wa mpiga besi, na kosa likitokea linabaki. Ndiyo iliyokuwa sheria yao. Hii ya pili kila mmoja alirekodiwa peke yake, na makosa yakafutwa moja moja. Prodyuza alitaka roki ambayo mtu anaweza kuisikiliza garini akiwa na mama mkwe.

Wimbo uliobaki kumalizwa ulimhusu dada yake Misumari. Alikuwa akifanya kazi kwenye kiwanda cha kufulia shuka za mahoteli, na mashine ya kunyooshea shuka, isiyo na kinga, ilimeza mkono wake wa kulia hadi kwenye kiwiko. Siku hiyo Misumari alikuwa amempelekea chakula cha mchana, akalisikia yowe akiwa getini. Akalibeba hadi gereji, akaliweka katikati ya wimbo, kabla ya mstari unaosema, "Wekeni kinga." Hata mashabiki waliolewa chakari waliacha kurukaruka walipolisikia.

"Hapa pana kazi," prodyuza alisema. "Mtu anaendesha zake, ghafla hili. Si atagonga mti?"

"Lipunguze kidogo."

"Halipunguki. Nimelihangaikia tangu asubuhi. Libaki au litoke, sema wewe."

Mpiga besi alitazama soksi zake. Misumari alikohoa, akasema litoke, na ule mstari wa kinga uwe "Nipe nafasi."

Yowe likatoka. Kimo chake kilikuwa cha mtoto wa chekechea, jembamba, mdomo umefumbwa, likasimama zuliani likiwatazama. Prodyuza akalisogezea kiti. Alisema hayo ni ya kawaida. Mwezi uliopita pumzi za mwimbaji mmoja wa kwaya zilihamia jikoni kwake zikamaliza sukari yote.

"Ila nenda nalo," akaongeza. "Hapa nina wateja."

Nyumbani, dada alikuwa akimenya viazi, kiazi amekikandamiza mezani kwa kigutu.

"Shikamoo, dada."

"Marahaba. Hilo si langu?"

"Ndilo."

"Si uliniambia liko kwenye wimbo?"

"Lilikuwepo, dada. Sasa, unajua redio... yaani..." Aliona haya hadi masikio yakawaka.

Dada alilitazama lile yowe lilivyokonda. "Limekula?" akauliza.

Likakaa. Lilikuwa na adabu kuliko wageni wengi; lilimshikia dada viazi, lilianua nguo mvua ikitishia, na fundi viatu wa jirani akazoea kulipungia mkono. Kwa Misumari lilifanya jambo moja tu, kumtazama. Alianza kula chumbani.

Albamu ilipotoka, "Nipe Nafasi" ilipigwa kila kona. Kiwanda cha shuka kilifunga spika juu ya mashine ileile, na wanawake wakanyoosha shuka haraka zaidi kwa mdundo wake. Mwenye kiwanda alifurahi mno, akakubali kuwa mgeni rasmi siku ya uzinduzi.

Siku hiyo dada alikuja amelibeba yowe mgongoni, akasimama karibu na jukwaa. Gitaa lilipoingia pale katikati, yowe likanyoosha shingo na kufumbua mdomo. Halijatoa sauti, mlinzi akafika.

"Samahani mama, hilo haliruhusiwi ndani."

"Ni la wimbo huu huu. Muulize huyo mwimbaji, ni mdogo wangu."

Mlinzi akainua uso. "Kaka, unawajua hawa?"

Misumari alisikia vizuri. Gitaa lilikuwa bado linapigwa peke yake, na mdomo wake haukuwa na kazi. Kwenye kiti cha mbele mgeni rasmi alikuwa akitikisa mguu. Misumari akatikisa kichwa. Alikitikisa kidogo tu, ili akiulizwa aseme alikuwa akicheza. Mlinzi akawafungulia mlango wa kutokea kwa heshima, na Misumari akaingia ubeti wa pili bila kukosea hata noti moja. Alitamani ardhi ipasuke immeze, lakini aliimba mpaka mwisho, na watu wakataka urudiwe, akaurudia.

Asubuhi alikuta chai mezani na yowe kwenye kiti cha kando. Alikaa. Alikuwa amejiandaa kutukanwa, na angeshukuru.

"Uliimba vizuri," dada alisema. "Sauti imetulia."

"Dada, jana mimi..."

"Kunywa chai, inapoa."

Mlango ukagongwa. Dada akaenda kufungua. Nje lilisimama yowe jingine, fupi kuliko la kwanza, bado lina joto, vumbi la sabuni miguuni. Dada akaliinamia, akalisikiliza pumzi.

"Ni la yule binti aliyeshika nafasi yangu," akasema, akalifuta miguu na kuliingiza ndani. Akamgeukia mdogo wake. "Lipishe likae."

Misumari akainuka, akamaliza chai yake akiwa amesimama.