Kaptula ya Serikali

Uhuru ulifika wilaya ile kwa posta, na kama barua zote za kule, ulichelewa. Lori lilikwama matopeni, dereva akaenda kulala kwa hawara yake, na bendera mpya ilipofika, wilaya nyingine zilikuwa zimeshapandisha za kwao na zimeshaanza kugombana. Hata mkoloni mwenyewe hakupapenda. Aliyepelekwa kule ni afisa aliyelewa mbele ya wakubwa zake, au aliyemtazama mno mke wa mkubwa. Wakaondoka, wakaja wetu, na mambo yakabaki yale yale: ukisikia fulani kahamishiwa kule, usimpe hongera, mpe pole.

Mkoloni alipoondoka aliondoka na gari lake, darubini yake na mbwa wake. Kaptula akaiacha.

Si kaptula ya kuchezea mpira hii. Ni ya kaki, pana kama mwavuli, imepigwa wanga mpaka inasimama yenyewe bila mtu ndani, na kazi yake ni kuvaliwa na tarishi wa boma. Mkubwa suruali, tarishi kaptula. Nani kasema? Hakuna ajuaye, wala hakuna aliyewahi kuona ilipoandikwa. Lakini muulize yeyote pale bomani, atakuambia ni sheria, na atakuambia kwa uso mkavu kabisa.

Aliyekuwa ndani ya kaptula hiyo ni mtu mzima mwenye mvi, mume wa mtu, baba wa nesi wa zahanati, na wilaya nzima ilimwita Mzee Magoti. Jina lake la kuzaliwa lilibaki kwa mama yake, na mama yake alikwisha kufa. Asubuhi alipeleka majalada mlango hata mlango, mchana alipeleka chai, jioni alifunga madirisha. Na siku nzima, akisimama, akikaa, akiinama, mkono wake mmoja ulikuwa unaivuta ile kaptula ishuke chini kidogo, ifunike angalau nusu ya goti. Haikushuka hata siku moja.

Siku moja akaja bomani mfanyabiashara wa mbao kutafuta kibali. Kitambi kimetangulia, mwenyewe anafuata. Alimkuta Magoti kwenye varanda, akamtazama kuanzia chini, akaishia magotini.

"We kijana! Hebu kimbia uniletee chai."

Kijana! Mtu ana mvi mpaka masikioni! Makarani wakainamia karatasi zao wakicheka puani. Askari wa mlangoni akajifanya anasugua bunduki. Magoti akaleta chai.

Nyumbani mkewe alikuwa ameshapata habari, maana habari mbaya haina haja ya posta.

"Na pale bomani palipojaa watu," mkewe akauliza, "hakuna hata mmoja aliyesema huyu ni baba wa watu?"

"Hakuna."

"Hata mmoja?"

"Mama Nesi, nimekwambia hakuna. Nipe maji ninywe."

Ingeishia hapo ingekuwa nafuu. Lakini ng'ombe wa maskini hazai. Kijana mmoja fundi wa redio akampenda Nesi, Nesi akampenda, na aliyekuja kuposa kwa niaba yake ni mjomba aliyemlea. Mjomba akaingia, kitambi kikitangulia. Yule yule! Siku hiyo Magoti alikuwa na msuli na kanzu, kastarehe kwake, na mjomba akamkodolea macho mpaka akamjua.

"Aa! Kumbe mkwe wetu ndiye yule wa kaptula!"

Akacheka peke yake. Posa ikapokelewa, kwa sababu wenye kupendana si wajomba, lakini Nesi aliingia jikoni akalia, na baba yake alimsikia. Hilo ndilo lililomuuma kuliko chai. Akaapa pale pale: siku ya ndoa mtu yule hatayaona tena magoti yake. Angemwoza binti yake akiwa amevaa suruali, hata kama ingekuwa ya kuazima.

Haikuwa ya kuazima. Mkewe alishona suruali nyeusi kwa cherehani yake mwenyewe, yenye mstari uliopigwa pasi ukakaa kama kisu. Tatizo likaja kwenye mahali pa ndoa. Pande mbili zilikuwa na nyumba mbili za ibada, kila mmoja akisema ya kwake ndiyo yenye njia fupi ya mbinguni, wakagombana mpaka wakachoka, wakakubaliana na ndoa ya bomani, ambako Mungu haulizwi. Wakapewa Ijumaa asubuhi, saa za kazi, ofisini kwa mkubwa wa wilaya. Pale pale anapofanya kazi Magoti.

Mkubwa wa wakati huo aliitwa kwa siri Bwana Utaratibu. Alivaa suti ya sufi ya vipande vitatu katika joto la kuchemsha yai, akawa anatoka jasho mpaka kwenye karatasi. Alihamishiwa kule kwa kosa ambalo yeye hakulitaja na wengine wote walilijua. Kwa umri alikuwa mdogo wa Magoti, lakini magoti yakiwa nje heshima hugeuka, kwa hiyo aliyetoa shikamoo ni mzee kwa mdogo wake.

"Mkubwa, shikamoo. Naomba ruhusa ya Ijumaa. Naoza binti yangu."

"Ijumaa haiwezekani. Ijumaa tuna mgeni. Mjukuu wa yule bwana aliyejenga boma hili anakuja kupaona, na nasikia ana jamaa zake ubalozini." Bwana Utaratibu alipotaja ubalozi alitabasamu, kama mtu aliyekwisha kuona barua yake ya uhamisho. "Nataka akute kila kitu kama babu yake alivyokiacha."

"Basi niruhusu nifanye kazi na suruali, mkubwa. Siku hiyo moja."

"Utaratibu ni utaratibu. Tarishi ndani ya boma ni kaptula."

"Lakini mkubwa, mimi ndiye baba wa bibi harusi."

"Utakuwa baba mwenye kaptula. Kuna ubaya gani?"

Magoti alirudi nyumbani akakaa kitandani, akaitazama suruali iliyotundikwa ukutani. Machozi yalimlenga. Alifikiri kuacha kazi, akakumbuka anayelisha nyumba ni nani. Alifikiri kujifanya mgonjwa, akakumbuka binti yake ni nesi.

"Aliye juu mngoje chini," akasema.

"Utamngoja mpaka lini?" akaruka Mama Nesi. "Mkoloni ulimngoja, akaondoka. Huyu naye ukimngoja akaondoka, kaptula atamwachia mwenzake. Sema, hao wakubwa wako wanasema tarishi avae kaptula. Wamesema avae kaptula peke yake?"

Magoti akamtazama. Akaitazama kaptula, upana ule. Akaitazama suruali.

"Mke wangu," akasema, "sheria ni msumeno."

Ijumaa asubuhi Mzee Magoti akapanda ngazi za boma amevaa suruali nyeusi yenye mstari, na juu ya suruali, kaptula ya kaki. Salaale! Askari alisahau kupiga saluti. Karani mmoja alitoka nje kwenda kucheka, akarudi, akamwona tena, akatoka tena. Mjomba wa bwana harusi, aliyekwisha kukalia kiti cha mbele, alifungua kinywa na kukiacha wazi.

Bwana Utaratibu akasimama nyuma ya meza. "Umevaa nini?"

"Kaptula, mkubwa."

"Na ndani?"

"Ndani ni mambo ya nyumbani kwangu, mkubwa."

Nesi, na gauni lake jeupe, alikuwa ameuma midomo isije ikapasuka kwa kicheko au kwa kilio, mwenyewe hakujua kwa kipi. Bwana Utaratibu akatoa kitambaa, akajifuta jasho. Angemfukuza papo hapo, lakini mgeni alikuwa njiani na hakutaka makelele. Akaketi kumngoja. Wakangoja. Ndoa nayo ikangoja, maana mkubwa alitaka mzungu amkute yuko kazini.

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Mgeni alikwisha kufika zamani. Alikuja kwa miguu, kijana mwekundu kwa jua, begi mgongoni, na chini amevaa kaptula. Askari kuona magoti akafanya alivyozoea. "Matarishi wanapitia nyuma!" Kijana hakujua lugha, ila mkono ulioonyesha nyuma aliuelewa. Kule nyuma mama wa chai, aliyekuwa ameinamia jiko na moshi machoni, aliona miguu mitupu imesimama mlangoni, akasukuma sinia mikononi mwa mwenye miguu, akasema, "Umechelewa, peleka kwa mkubwa."

Ndivyo alivyoingia. Mlango ukafunguka, akatokea mzungu amebeba sinia la chai, anatabasamu kwa watu wote, akidhani ndiyo mila ya kupokelea wageni.

Bwana Utaratibu aliruka akajigonga goti kwenye meza. Akampokonya sinia, akampa kiti chake mwenyewe na kikombe cha chai, akamwomba radhi kwa lugha ya kizungu mpaka pumzi ikamwisha. Mgeni wala hakukasirika. Macho yake yalikuwa kwa Magoti. Akauliza kitu.

"Mgeni anasema," akatangaza Bwana Utaratibu, "amefurahishwa sana na nidhamu yetu."

"Hajasema hivyo," akasema Nesi.

Watu wakageuka. Nesi alisoma chuoni na lugha hiyo aliijua, tena vizuri kuliko mkubwa.

"Ameuliza kwa nini baba yangu amevaa nguo mbili."

Bwana Utaratibu akamweleza mgeni, akinyoosha kidole kwenye kaptula kwa fahari, kwamba huo ndio utaratibu aliouacha babu yake na wao wameulinda usiharibike. Mgeni akasikiliza. Kisha akacheka, akacheka mpaka chai ikamwagika, akajipiga magoti yake mwenyewe yaliyokuwa wazi, akasema maneno marefu.

"Anasema..." akaanza Bwana Utaratibu, akaitazama suruali yake.

Nesi akamalizia. "Anasema babu yake mwenyewe alivaa kaptula. Kila siku. Suruali alikuwa nayo moja, ya kwenda nayo kanisani, ikaliwa na mchwa. Anasema ni kwa sababu ya joto tu. Kwao wamemzika na kaptula."

Jamani. Joto tu! Babu yule tusimsafishe, hapana: watu aliwachapa, kodi aliila, na boma lile lilijengwa kwa migongo ya watu wasiolipwa. Kajibu au hajajibu huko aliko, shauri yake. Lakini suruali ya mkubwa hakuileta yeye. Aliyeileta ni wa kwetu wa kwanza kukalia kile kiti: alitafuta kitu cha kumtenga na wenzake, akajifunika miguu, na wenzake akawaacha hivyo hivyo, kisha akasema mkoloni ndiye aliyesema. Hiyo tulijishonea wenyewe.

Magoti hakuwaza yote hayo. Aliwaza kitu kimoja, kwamba binti yake amesimama pale na watu wanatazama. Akafungua mkanda.

"Ebo!" mjomba akapiga kelele. Wanawake wakajifunika macho, wakaacha nafasi ya kuchungulia. Kaptula ikashuka. Magoti akatoka ndani yake mguu mmoja, kisha wa pili, akaiokota, akaikunja vizuri kwa sababu ni mali ya serikali, akaiweka juu ya meza ya mkubwa. Akasimama wima katika suruali yake nyeusi. Mikono yake yote miwili ilikuwa imelala ubavuni, haina cha kuvuta.

"Sasa mkubwa," akasema, "nifungishie mwanangu ndoa."

Mama Nesi alipiga kigelegele kilichoamsha popo darini. Mjomba alinyanyuka, kitambi na yeye pamoja, akampisha kiti cha mbele. "Karibu mkwe," akasema polepole. "Kaa, baba." Nesi alilia waziwazi, akamharibia fundi wa redio bega la koti. Ndoa ikafungwa na chai ikanywewa, mgeni akimimina.

Mngedhani Magoti alifukuzwa kazi. Hapana. Bwana Utaratibu alikaa siku mbili nyumbani akiwaza, na mtu wa aina ile akiwaza hufika mbali. Jumatatu akaja bomani bila suti. Alivaa ile kaptula iliyoachwa mezani. Miguu yake, iliyoishi ndani ya sufi miaka yote, ilikuwa imepauka kama ya kuku aliyenyonyolewa. Akawakusanya watumishi varandani.

"Kuanzia leo," akasema, "kaptula ni vazi la mkubwa. Wengine wote suruali. Tarishi atakayeonekana na kaptula atachukuliwa hatua."

"Utaratibu ni utaratibu," akaitikia Magoti, na karani mmoja ikabidi atoke nje tena.

Mkubwa hakuingia ofisini. Alibaki kwenye varanda, ageukie huku, ageukie kule, aonekane. Mjomba wa mbao akapanda ngazi kuulizia kibali chake, ambacho hakijatoka mpaka leo. Aliona mgongo, akaona miguu mitupu, akafanya alivyozoea.

"We kijana! Kimbia uniletee chai."

Makarani wakainamia karatasi zao. Askari akaanza kusugua bunduki. Bwana Utaratibu hakugeuka. Masikio yake tu yaliiva, na mkono wake mmoja ukashuka taratibu, ukashika pindo la kaptula, ukaivuta chini, ifunike angalau nusu ya goti.

Magoti alikuwa amesubiri siku hiyo, na kicheko alikuwa nacho tayari kinywani. Akauona ule mkono. Kicheko kikarudi kilikotoka.

"Mjomba," akasema, "chai naleta mimi. Na huyo usimwite kijana. Huyo ni baba wa watu."