Aliyepika Ndiye Anayeomba

"Kila mwanamume aliyeketi humu," ilisema sauti kutoka ukumbini, "ana mwanamke ndani yake ambaye hajawahi hata kumkaribisha kiti."

Wachungaji walicheka. Jikoni, upande wa pili wa kidirisha cha kupitishia sahani, mpishi aliacha kukata kabichi na kutega sikio. Hakucheka. Tangu asubuhi alikuwa akipika nusu nusu na kusikiliza kwa moyo wote, na mtu akikatakata kabichi huku roho yake iko chumba cha pili, ni bahati tu vidole vikibaki vilivyo.

Si kawaida nyumba ile ya mafungo kuwa na jambo la kumfanya mpishi atege sikio. Wachungaji huja, hulalamikia mapaa ya makanisa yao, hula, husinzia, huondoka. Safari hii walikuwa wameletewa mgeni, kasisi aliyesomea pia mambo ya nafsi, ndoto na yale yaliyojificha chini ya akili ya mtu, na jikoni walishampa jina la Daktari wa Ndoto kabla hajashusha begi. Mada yake iliandikwa kwa chaki kwenye ubao wa mlangoni: uke katika nafsi na katika imani. Aliyeiandika ni msimamizi wa nyumba, mama mmoja mnyoofu kama rula, na neno la kwanza aliliandika kwa herufi ndogo kuliko mengine yote.

"Na sasa tumgeukie Mungu," sauti iliendelea. "Tujiulize, je, tulivyozoea kumwita ndiyo njia pekee ya..."

Kidirisha kikafungwa kwa kishindo. Msimamizi alikuwa amepita upande wa ukumbini, na kupitia ubao wa kidirisha alisikika akisema kwamba harufu ya vitunguu inawasumbua wageni. Huyu jikoni aliitwa Kengele, kwa sababu alitembea na kengele ya mkono mfukoni na kuipiga kwa kila jambo, hata kijiko kikidondoka. Mpishi aliutazama ule ubao uliofungwa kama anavyoutazama mtu mlango wa ofisi uliofungwa yeye akiwa wa kwanza kwenye foleni. Halafu akarudi kwenye kabichi, akaikata kwa hasira hata vipande vikaruka sakafuni.

Sababu ya kutaka kusikia ilikuwa moja, na ilikuwa inamngoja saa ya chakula. Bibi aliyeiachia kanisa nyumba ile, mjane aliyekufa bila mtoto, alikuwa ameweka sharti moja tu: mlo wa mwisho wa kila mafungo usiguswe mpaka aliyeupika atoke jikoni, na aproni yake hivyo hivyo, aongoze Sala ya Bwana. Aliyepika ndiye anayeomba. Maaskofu walikuwa wamepita pale, wakainamisha vichwa mbele ya wanawake wanaonuka moshi, na hakuna aliyethubutu kulibadili. Kwa miaka miwili mpishi alilikwepa. Msaidizi wake, Mama Pacha, ndiye aliyetoka kila mara, kwa kisingizio kwamba sauti yake ni nzuri zaidi, jambo ambalo hata Mama Pacha mwenyewe hakuliamini. Leo pacha wote wawili walikuwa na homa na mama yao yuko nao hospitali. Leo hakukuwa na pa kujificha.

Sala aliijua. Aliijua kupita wengi mle ukumbini, maana aliingiziwa kwa mkanda. Baba yake alikuwa mzee wa kanisa, na kila jioni aliwapanga watoto wamepiga magoti, mkanda umekunjwa mkononi, kila mmoja aiseme sala toka mwanzo. Anayejikwaa anachapwa, kisha anaanza upya: Baba yetu. Mama yao alisimama mlangoni na kitambaa cha jikoni, haingii, haondoki. Mama alishakufa. Baba alipatwa na kiharusi, kaka akatoa ushauri mwingi kwa simu, na mzee akaletwa kwa binti yake, ambaye sasa humwosha, humlisha na kumgeuza kitandani. Humwita Mzee. Lile neno lingine halitoki. Kanisani huanzia kwenye neno la tatu, uliye, huku midomo ikichezacheza ili asionekane, na kila akitoka nje anajiona mwizi aliyeingia kwa dirisha. Hataki kuishi hivyo. Anataka kuomba kama watu. Na kama mle ukumbini kuna mtu mwenye elimu anayesema ipo njia nyingine ya kumwita Mungu, basi anataka aisikie leo, kabla wali haujaiva.

Alijaribu. Alikisukuma kidirisha kidogo kwa mpini wa mwiko, akaambulia maneno mawili, "kivuli chetu" na "kuku na vifaranga vyake", kisha kengele ikalia na kidirisha kikafungwa tena. Akabeba jagi la maji ambalo hakuna aliyeliagiza, akaingia ukumbini kwa kunyata, akaanza kumimina polepole kupita kiasi. Mgeni alikuwa mtu mfupi mwenye macho mapole, na alikuwa anafika penyewe, mpishi aliona mkono wake unanyanyuka, pale Mwenyekiti wa wachungaji alipomgeukia na kumwambia kwa upole kwamba maji yanatosha, mama, asante. Aliporudi jikoni alikuta gesi imekwisha na maharage yametulia kimya. Alipomaliza kubadilisha mtungi, huku akitukana kwa maneno ambayo nyumba ile haijazoea, makofi yalikuwa yanapigwa. Mada ilikwisha. Mada nzima ya mwanamke, na wanawake wote wa nyumba ile walikuwa wamefungiwa nje yake, mmoja na sufuria, mwingine na kengele.

Saa ya chakula ilifika. Sahani zilijaa mezani, wali ukitoa mvuke, nyama, maharage, kabichi. Kengele ikalia, viti vikasogea, vichwa vikainama. Mpishi alitoka, akasimama kichwani pa meza, akaifunga mikono juu ya aproni. Alipiga moyo konde, akavuta pumzi.

"Uliye mbinguni," alisema.

Mtu mmoja akakohoa. Mwenyekiti, mtu mwema kweli, alidhani mama wa watu ameingiwa na woga mbele ya wakubwa, akamsaidia kama mtu anavyomshika mkono mtoto kwenye ngazi. Akamwambia aanze tena taratibu, akamtangulizia maneno mawili ya kwanza kwa sauti nene ya mimbarani. Sauti ile nene, mle chumbani, juu ya vichwa vilivyoinama, ilimpiga mpishi mgongoni. Akafungua kinywa tena.

"Uliye mbinguni."

Sasa vichwa vilianza kuinuka kimoja kimoja. Daktari wa Ndoto aliinua mkono.

"Ngoja kidogo, Mwenyekiti," alisema. "Mama, umeliruka neno la kwanza. Unaweza kutuambia kwa nini?"

Aliulizwa vizuri, kwa sauti ya chini, na hakuna mtu aliyewahi kumwuliza hata vibaya. Ndiyo maana alijibu.

"Nikilitaja namwona baba yangu," alisema. "Na nikimwona, siwezi kuomba."

Mgeni aliitikia kwa kichwa polepole. Mpishi akangoja. Aliamini kabisa kwamba sasa atapewa kile alichokuwa anakiwinda tangu asubuhi, na alijisogeza hatua moja ili asipoteze hata neno.

"Ndugu zangu," mgeni alisema, akiwageukia wachungaji, "hiki ndicho nilichokuwa nakieleza. Mmekisikia wenyewe. Mtu humshonea Mungu sura kwa kitambaa cha mzazi wake. Mama huyu ni mfano hai."

Akaendelea. Alieleza vizuri, huenda vizuri sana, kuhusu binti na baba, kuhusu uso wa kike wa Mungu uliosahauliwa, kuhusu jeraha linalorithiwa, na kalamu zikatoka mifukoni. Mpishi alisimama pale kando yake kama ramani iliyotundikwa ukutani, mwalimu akiigusa hapa na pale kwa fimbo. Hakuna aliyemtazama usoni. Maneno yalipita juu ya kichwa chake kwenda kwa watu waliokwisha kuwa na sala zao. Alitamani kusema, nipo hapa, mniambie mimi, lakini hapakuwa na mwanya wa kupenyeza neno, na wali ulikuwa unapoa, na kupoa kwa wali kulimuuma pia, maana alikuwa ameupika yeye. Mwishowe Mwenyekiti aliisali sala mwenyewe, nzima, toka neno la kwanza, wakala.

Mpishi alimkuta mgeni baadaye uani, begi limeshapakiwa garini. Alikuwa amejifuta mikono na kuvua aproni, ili safari hii aonekane mtu.

"Mchungaji, asubuhi kidirisha kilifungwa," alimwambia. "Ulikuwa umefika pale pa namna tunavyomwita Mungu. Nilitaka kujua ulimaliziaje."

Mgeni alifikiri. Kwa haki, alifikiri kweli.

"Pale?" alisema. "Pale sikumalizia, mama. Muda ulikuwa umekwenda, tukaingia kwenye maswali." Akamshika bega. "Lakini ulichosema mezani kimenigusa sana. Ukiniruhusu, nitakitumia kwenye mihadhara yangu."

Mpishi alisema hewala, atumie, maana angesema nini. Gari liliondoka na neno lake.

Jikoni, Kengele alikuwa anampangusia vyombo, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, na mpishi akajua kuna habari. Habari ilikuwa kwamba wazee wameketi kidogo baada ya chakula na kuona si vyema kumsumbua mpishi. Kuanzia mafungo yajayo ataomba mchungaji mmojawapo. Sharti la yule bibi lilikuwa la zamani, na kila mtu ameelewa.

"Ile sala ni yangu," mpishi alisema.

"Si ulikuwa unaikwepa? Unadhani sikujua?"

"Nilikuwa naikwepa. Lakini ni yangu."

Kengele alipangusa sahani ileile mara mbili, akatazama ukumbi mtupu kupitia kidirisha, ambacho sasa kilikuwa wazi kwa kuwa hakukuwa na wa kusumbuliwa na vitunguu. Kisha akasema kwa sauti ya chini kwamba na yeye alitaka kuisikiliza mada ile. Hakuna aliyemwambia akae. Mpishi alikuwa na hasira naye bado, kwa hiyo hakusema pole, ingawa neno lilimfika kwenye meno.

Alirudi nyumbani jua likiwa bado lipo, miguu inawaka moto, kichwa kimejaa majibu ambayo angeyatoa mezani kama angekuwa na akili ya wakati ule. Jirani aliyekuwa akimchungulia mzee mchana alimpokea mlangoni, akasema leo mzee hataki kula, anaita watu waliokufa, kisha akajitanda kanga yake akaenda. Mpishi alichota maji ya vuguvugu kwenye beseni. Aliingia chumbani akiwa amejaa hasira tele, tayari kumkaripia mzee kwa kosa lolote litakalopatikana.

Harufu ilimpokea. Mzee alikuwa amelala chali, shuka ameling'ang'ania mpaka kidevuni, macho yamemtoka. Aliyemtazama hakuwa yule wa kila siku, anayeita wewe na kuelekeza kwa kidole.

"Mama," alisema mzee.

Mpishi aligeuka nyuma. Hapakuwa na mtu.

"Mama, nimekojoa," mzee alisema. "Usimwambie baba."

Mpishi aliweka beseni chini. Hasira aliyoingia nayo ilibaki pale pale, haikwenda popote, ila sasa haikuwa na mtu wa kumwangukia, maana yule aliyekuja kumkaripia hakuwemo kitandani.

"Simwambii," alisema.

Alilifunua shuka. Aliweka mkono mmoja chini ya mgongo ule uliokonda, akamgeuza ubavu, akalowesha kitambaa. Mzee alitafuta, akakipata kidole gumba cha mkono wake wa kushoto, akakishika kwa nguvu zote alizobakiwa nazo. Kitu kilimpanda mpishi kooni, lile neno la kwanza la sala au kilio, na alikifungulia kinywa bila kujua ni kipi. Alibaki ameinama hivyo, maji yakimdondoka kiwikoni, akisubiri kitoke.