Omena ya Mwezi wa Tano

Mama Beldina anawaambia watu wa ploti yetu kwamba nilitia kitu kwenye chai. Anavyosimulia yeye, mwanawe Owiti alipanda mtaa wa Milimani na suti ya marehemu mjomba wake, akaketi na matajiri, akaongea mpaka wakanyamaza. Tajiri mwenyewe, Debra, alikuwa ameshika kalamu tayari kutia sahihi. Ndipo mimi nikaingia na trei. Nikamimina chai, nikamnong'oneza Debra sikioni, na kalamu ikarudi mezani. Wanawake wanaokaanga mgongo wazi, ile mifupa ya samaki iliyotolewa minofu, pale langoni wameongeza yao: eti kalamu iliruka yenyewe.

Sijamjibu. Chai niliipeleka kweli, na neno nililisema kweli, ingawa si sikioni. Lakini mtu aliyenilisha siwezi kubishana naye mbele ya karai za mafuta, mtaa mzima wa Obunga ukisikiliza.

Nilipomaliza darasa la nane mama yangu alikuwa amekufa, na ndugu zake kule Bondo walikuwa wanatazamana nani anichukue. Mama Beldina alimjua mama kwa kununua omena pamoja tu, dagaa wa ziwani, hakuna udugu. Alikuja matangani, akawasikiliza wakipigana chenga, akasema mtoto si gunia la kubebeshana. Kesho yake nilikuwa Obunga. Alinipa nusu ya kitanda, na robo ya wavu wake kuukuu kule ufuo wa Usoma, nianike omena yangu mwenyewe. Akanifundisha kutazama. Upepo ukigeuka kutoka ziwani, ndege weupe wakihamia nchi kavu, harufu ya matope ikitangulia wingu, unaanua. Humngoji mtu akwambie. Owiti naye alikuwa anasoma, na karo yake yote ilipita juu ya kichwa cha mama yake, ndani ya beseni la omena. Hilo nililiona kwa macho yangu kila alfajiri.

Debra alikuja Usoma mwaka wangu wa pili. Alikuwa ameacha kazi ya kompyuta katika benki moja Nairobi, akaanzisha kampuni ya kututumia ujumbe kwa simu: leo jua, anika, leo mvua, ngoja. Tuliipenda. Tuliipenda mpaka tukaacha kutazama mbingu, hata Mama Beldina. Siku moja mwezi wa tatu simu zote zikasema jua, na saa saba mchana mvua ikatoka ziwani ikatukuta omena yote iko chini. Iliyobaki ilichukuliwa na watu wa chakula cha kuku. Kesho yake Debra akaja na viatu vyeupe, akatuuliza kama tunafurahia huduma.

Mama Beldina alichota konzi ya omena iliyolowa akamwekea mkononi.

"Hii ndio jua yako, binti yangu. Onja."

Wanawake walicheka. Debra hakucheka na hakuitupa. Aliishika vilevile, maji yakimtiririka hadi kwenye kiwiko, kisha akavua vile viatu na kuketi juu ya gunia. Akasema hajui kitu, tumfundishe. Wakati huo ziwa lilikuwa karibu kufungwa, maana kila mwaka kuanzia mwezi wa nne hadi wa saba omena haivuliwi, inaachwa izaane. Lilipofunguliwa mwezi wa nane alirudi, akakaa nasi mpaka Krismasi, akichomwa na jua kama sisi.

Baada ya hapo kampuni ilibadilika. Kila ufuo ulipata mwanamke mmoja wa kutazama, na ujumbe ukawa unatoka kwake. Mtazamaji wa Usoma nilikuwa mimi. Kazi yenyewe ilikuwa ile ile ya Mama Beldina, ila sasa nikisema "anua," wanawake mia mbili wanaanua. Ilienea mpaka Usenge na Homa Bay, na baada ya miaka sita watu wa Nairobi wakainunua. Watu walidhani Debra atajenga ghorofa. Yeye alitafuta nyumba ya kawaida Milimani, akaanza kutia pesa kwenye biashara za vijana wenye mambo mapya. Hawakopeshi. Anachukua sehemu ya kampuni, na kampuni ikifa, pesa yake imekufa nayo, hamfuati mtu. Ni kama mwenye vifaranga kumi, anajua mwewe atachukua saba, na bado anawalisha wote kumi.

Alinichukua niwe mpishi wake, nami nikakubali, jioni narudi Obunga. Lakini ana desturi moja ambayo wageni hawaijui. Kila anayekuja kuomba pesa lazima nimpelekee chai mimi mwenyewe, na nisiharakishe kutoka. Mgeni akishaenda, Debra ananiuliza swali moja tu: "Umeona nini?" Kuna bwana mmoja alikuja na mradi wa kuwatafutia wasichana wa kazi heshima. Alieleza saa nzima, na hakunitazama usoni hata mara moja, hata nilipomwongezea sukari. Debra alimshukuru akamfungulia geti. Mimi sikusoma sekondari, na yeye ameketi na watu wa nchi nyingi, lakini hajawahi kuniuliza swali hilo kwa mzaha. Jambo hilo namshukuru kuliko mshahara.

Basi akaja Owiti, wiki ya mwisho ya mwezi wa saba. Nilipoingia na trei hakujifanya hanijui. Alisimama, akanisaidia kushika birika, akawaambia Debra na mshirika wake Muchiri, "Huyu ni dada yangu, tumekula sahani moja." Moyo wangu ulijaa. Alikuwa na sanduku la kukaushia omena, lina paa la plastiki na feni ya sola, mvua ije isije. Alilitengeneza kwa mikono yake huko chuoni. Akaonyesha picha. Akasema wanawake thelathini wa Usoma wamelijaribu mwezi wa tano na wa sita, na omena ilikauka kwa nusu siku.

Nikaendelea kumimina. Kikombe cha Muchiri kilijaa mpaka kikamwagika kwenye kisahani.

Owiti alipoondoka, Muchiri alikuwa anasugua mikono. Yeye ni mtu wa Nyeri na omena anaijua ikiwa kwenye sahani. Alisema huyu ndiye, kalamu iko wapi, na Debra akaichukua. Kisha akanigeukia.

"Haya Achola, umeona nini? Usiniambie huyu pia hakukutazama."

Nilikuwa nafuta meza. Ningeweza kusema sijaona kitu. Sanduku lilikuwa zuri, na akilini nilimwona Mama Beldina akishusha beseni lake kichwani kwa mara ya mwisho. Neno langu moja lingemrudishia beseni hilo. Lakini nilimkumbuka pia na ile konzi ya omena, jinsi alivyomwambia mgeni ukweli, wakati wengine wote tulikuwa tunanung'unika pembeni.

"Madam," nikasema, "omena ya mwezi wa tano ilitoka wapi?"

Muchiri akasema ziwani, kwingine wapi. Debra aliweka kalamu chini polepole, akamwambia mwezi wa tano ziwa limefungwa. Yeye alikaa Usoma kuanzia wa nane hadi Krismasi. Ufuo ule ukiwa mtupu mwezi wa tano hajawahi kuuona kwa macho.

"Watu si huvua kwa wizi?" Muchiri akauliza.

"Huvua, kidogo, gizani. Lakini wanawake thelathini hawawezi kuanika wizi mchana, na kamati ya ufuo inayokamata wavuvi imekaa pale inacheza drafti."

Debra alimpigia Owiti simu palepale. Hakubisha. Alikuwa amekausha mboga za sukuma wiki tu chuoni, na picha za wanawake ufuoni zilikuwa za mwaka jana. Siku ya mwisho ya kupeleka maombi ilikuwa inafika na ziwa bado limefungwa, akashindwa kungoja. Debra alipokata simu aliniuliza ni mtoto wa nani. Nikamwambia, wa yule mama aliyekupa omena mkononi. Alifunika uso kwa viganja, sikujua anacheka au vipi. Kisha akanituma kwake.

Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa nane nilishuka Usoma. Mitumbwi ilikuwa imeingia, na Mama Beldina ameinama juu ya wavu wake, anatandaza. Hakunisalimia. Nilivua viatu, nikaanzia upande wa pili, kama zamani. Hakunifukuza.

Tulipokaribiana katikati akasema, bila kuniangalia, "Umekuja kuanika ama umekuja kuroga?"

"Nimekuja kuanika, Mama."

"Mtoto amekonda. Hali. Ananiambia tu chai iliharibika."

Niliwatazama wanawake wengine. Walikuwa mbali kidogo. Nikamwambia kwa sauti ya chini kile Owiti alichosema, wanawake thelathini, nusu siku, yote.

Mikono yake ilisimama.

"Alisema mwezi wa tano?"

"Wa tano na wa sita."

Omena moja ilikuwa imemganda kwenye kidole gumba, hakuitoa. Nikamweleza maneno ya Debra kama nilivyotumwa: sanduku ni zuri, mlango haujafungwa. Owiti alilete hapa ufuoni, akae nalo mpaka Krismasi, omena halisi, mvua halisi. Na mwalimu wake awe yule yule aliyemfundisha Debra. Baada ya hapo aje tena Milimani, na chai nitaipika mimi.

Sikuwa nimepanga kuongeza kitu, lakini niliongeza. Nilimwambia kila ninachokiona nakiona kwa macho aliyonipa yeye, na sijawahi kumshukuru kwa mdomo, basi namshukuru leo.

"Mama," nikasema, "utamfundisha?"

Aliinua kichwa akatazama ziwa. Ndege weupe walikuwa bado majini. Kisha akasema, "Mwambie alilete," akainama, akaanza kugeuza omena, upande wake kwanza, halafu akavuka akaja kwenye upande wangu.