Sega la Ndege

Mchana ule nililala na hasira. Nilikuwa studio mjini Nakuru, albamu yangu ya kwanza imeiva, mimi Chesang, binti wa Kiogiek kutoka msitu wa Mau, niliyeanza kwa kuimba kwenye harusi za watu na sasa redio zinagombania wimbo wangu! Ombati, prodyuza wangu, alitaka kabla ya saa kumi nimthibitishie maandishi ya jalada: mtunzi, mimi peke yangu. Ningekubali papo hapo, ila asubuhi shangazi yangu Tabarno alikuwa amenipigia simu. "Nimeusikia wimbo redioni. Umeimba vizuri," alisema, akakata simu kabla sijajibu. Maneno niliyatunga mimi, lakini mahadhi ni yake. Alinifundisha tukipalilia viazi. Nikajitupa kwenye kochi, usingizi ukanichukua.

Nikajikuta katika nchi ambayo miti yake ilivuma kama magitaa, na yule ndege mdogo anayewaonyesha watu wetu asali akinitangulia tawi kwa tawi, akiita, nami nikimkimbilia huku nikicheka peke yangu kama mwehu. Shingoni alivaa shanga za shangazi. Akanifikisha kwenye mti uliojaa asali, na chini yake alisimama Bibi Sifa na watoto wake wasiohesabika, wakipiga makofi hata kabla sijafungua mdomo. Nikapanda, nikayatoa masega, na bwana mmoja mwenye viatu vinavyong'aa akanishika mkono. "Naitwa Pupa. Kula yote, dada yangu! Ndege ana haja gani na asali?" Jamani, nilikula! Kisha nikaanza kuimba. Ubeti wa kwanza ukatoka vizuri, wa pili haukuwepo kabisa, na makofi hayakupungua. Hilo ndilo lililonitia hofu, kwamba hakuna aliyegundua.

Ndipo akaja mama mmoja aliyejifunga kitenge kiunoni, jina lake Shukrani, akaniuliza taratibu, "Kwenu mtu akionyeshwa asali hufanya nini kwanza?"

"Humwachia ndege sega lake," nikajibu, uso ukiniwaka kwa aibu.

"Humwachia ili kesho amwite tena. Wewe una wimbo mmoja tu, mwanangu. Unadhani msitu umekwisha?"

Lilikuwa limebaki sega moja. Nikaliweka tawini. Ndege akala, akauimba ubeti wa pili, kisha wa tatu ambao sijawahi kuusikia, na miti yote ikaitikia! Nilifurahi mpaka nikapiga kelele, na kelele hiyo ndiyo iliyoniamsha.

Ombati alikuwa amesimama mlangoni na karatasi yake. "Vipi, niandike?"

"Andika Tabarno kwanza, halafu mimi," nikasema, nikitafuta simu chini ya kochi. Sasa nilikuwa nimeelewa: nilikuwa nimelamba vidole nikamsahau aliyeniita.

"Shangazi, njoo Nakuru. Ubeti wa pili uimbe wewe."



"Nimeoga na kuvaa tangu asubuhi," akasema. "Nilikuwa nangoja uniite."