Ua la Kaburi la Swaumu

Swaumu alizikwa bila mumewe. Athuman Mdoe alikuwa Korogwe, akitunza bustani ya meneja wa shamba la katani, na siku ilipofika habari kwamba mkewe amefia uzazini, meneja huyo wa Kiingereza alikuwa na wageni. "Kesho," aliambiwa. Kesho ikawa keshokutwa. Alipofika Kwedizinga, kijijini kwa wakwe zake, kwa miguu, matanga yalikuwa yameshaondolewa na udongo wa kaburi umeanza kukauka.

Hakuna aliyemlaumu. Mama mkwe wake, Bi Hamisa, alijifunika kanga usoni kama mkwe anavyomwonea mkwe haya, akaagiza apewe maji ya kunawa. Athuman alitamani atukanwe. Tusi lina mwisho wake, lakini ule ukimya alirudi nao Korogwe ukawa unamtafuna.

Ndiyo maana akapanda lile ua. Lilikuwa ua la memsahibu, mke wa meneja: mmea wa kutambaa wenye maua ya samawati mapana kama vikombe vya chai, uliofunika baraza yote. Jina lake la Kizungu lilimshinda. Kila Jumamosi aliupunguza kwa mkasi, maana memsahibu hakutaka hata kikonyo kimoja kivuke baraza. Athuman aliona ni visa vya Wazungu tu. Mtu ana ua zuri namna hii, halafu analikatakata!

Arobaini ilipofika alibeba vipande vitatu ndani ya gunia lililoloweshwa, akavipanda upande wa kichwani pa kaburi, pembeni mwa shamba la Bi Hamisa la bondeni, penye unyevu. Usiku ule, kwa mara ya kwanza tangu msiba, alipata usingizi.

Sasa, kwa watu wa pale, kilichopandwa kaburini na mwenye msiba hakiguswi na mkono mwingine. Kikitakiwa kutoka, atakitoa yeye mwenyewe.

Masika ya kwanza Mhina, kaka wa Swaumu, alifika Korogwe. "Mama anakusalimu, shemeji," alisema. "Anasema ua limestawi mno. Limefika kwenye muhogo. Ukipata nafasi, uje ulitazame."

Athuman alifurahi kama mtoto. Mkwe amelisifu! Akakata vipande vingine viwili ampelekee. Mhina alivipokea kwa mikono miwili. Njiani akavichoma moto.

Mama wa watu angesema nini zaidi? Mkwe hakaripiwi. "Uje ulitazame" lilikuwa neno kali kuliko yote aliyoruhusiwa, na Athuman, Mzigua wa kuzaliwa, alilijua hilo vizuri. Lakini mwenye njaa ya kusamehewa husikia sifa hata kwenye kilio.

Mwaka wa pili Valerian, mkata katani aliyekaa naye kambini, alikwenda Kwedizinga kununua asali. Valerian alikuwa Mnyamwezi, na Wanyamwezi na Wazigua ni watani, kwa hiyo yeye hakuwa na haya ya ukwe.

"We Mzigua!" alimwita mbele ya watu sokoni. "Ua lako limekula shamba la mkweo. Muhogo hakuna, migomba hakuna. Mama wa watu analima vibarua kwa majirani. Na mkeo limemmeza!"

Watu walicheka, Athuman akacheka kuliko wote. "Siku Mnyamwezi akisema kweli," alijibu, "jua litachomozea Tabora!"

Basi umwambie nini mtu huyo? Aliambiwa kwa adabu akasikia sifa, akaambiwa waziwazi akasikia utani.

Alikwenda mwaka wa tatu, baada ya Idi, na doti mpya ya kanga kwa ajili ya mkwe. Alipofika bondeni alidhani amepotea njia. Palikuwa na majani matupu na maua ya samawati, kutoka kijitoni hadi kwenye nyumba, na nyumba yenyewe imelala chini ya mzigo huo. Bi Hamisa alisimama ukingoni na jembe begani, anatoka kibaruani.

Athuman aligeukia pembeni kwa heshima. "Shikamoo, mama."

Bi Hamisa aliondoa kanga usoni. Alimtazama machoni, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

"Siitikii," alisema. "Nilikuita kwa adabu, hukuja. Wanangu walitaka kuling'oa nikawakataza, nikasema mwenyewe atakuja. Nimelala njaa kwa kulinda heshima yako. Haya, umekuja. Nionyeshe mwanangu alipo."

Athuman aliomba panga, akaletewa na Mhina, akaanza kufyeka. Chini ya majani kulikuwa na majani mengine, na chini yake vikonyo vilivyosokotana, kila kimoja kimetia mizizi yake. Mawe mawili ya kaburi hakuyaona. Akachukua jembe, akachimba hapa, akachimba pale, akitoa mizizi minene kama mapaja ya mtoto. Jua lilipopinda bado alikuwa anachimba, analia, anamwita Swaumu kwa jina.

Mhina alimshika mkono. "Acha jembe, shemeji. Utampiga."

Athuman aliliachia. Alitazama mashimo yaliyomzunguka na majani baina yake, akaogopa kuinua mguu. Alimuuliza Mhina apite wapi ili atoke asimkanyage.

Mhina hakujua.