Sabini na Mbili

Kila asubuhi, kabla dawa hazijagawiwa, Ennie alishika mikono ya watu. Alianzia mwanzo wa benchi, akaweka vidole viwili kwenye kifundo cha mkono wa mgonjwa, akainamisha macho kwenye saa iliyobanwa kifuani mwa gauni lake jeupe, akahesabu dakika nzima. Kingsley, msaidizi mkuu wa zahanati, alikuwa amemwambia mara nyingi ahesabu robo dakika na kuzidisha kwa nne, maana foleni ilifika mpaka barabarani. Ennie aliitikia, "Ndiyo, ba Kingsley," kwa ile "ba" ya heshima ya Kibemba, kisha akaendelea na dakika yake.

Asubuhi moja ya Agosti, mwaka wa hamsini na saba, alikuwa amefika arobaini na moja kwenye mkono wa Dorica, muuza samaki wa Kabuta, pale mtu aliyekuwa akiipita foleni yote kwenda mbele alipoanguka.

Hakujikinga kwa mikono. Alianguka kama gunia, na kofia yake ya kaki ikabingirika chini ya benchi. Ennie aliuacha mkono wa Dorica akapiga magoti. Uso wa yule mtu ulikuwa wa majivu. Alimtafuta mapigo shingoni, hakupata. Alitazama saa. Sekunde saba. Nane. Tisa. Ndipo likaja pigo moja zito, na baada ya kitambo lingine, na damu ikamrudia usoni kwa ghafla hata ngozi ikawa ya moto.

Yule mtu alifungua macho. "Nani alinisukuma?"

"Hakuna mutu alikusukuma, ba Davison," alisema Dorica kutoka kwenye benchi. "Ulianguka peke yako. Pombe ya asubuhi haielewani na jua."

"Mi sikunywa."

"Kila mutu anasema vile."

Watu wa benchi walicheka kwa chini. Ennie hakucheka. Maneno hayo aliyajua, na mtu aliyelala pale sakafuni ndiye aliyeyaandika kwa mara ya kwanza.

Davison alikuwa karani wa afya wa kampuni ya samaki. Zamani alifanya kazi ya ofisi Elisabethville, ng'ambo ya mpaka, na ingawa huku Nchelenge watu walizungumza Kibemba, yeye hakuachana na Kiswahili cha kule, ili kila mtu akumbuke kwamba aliwahi kukaa meza moja na Wabelgiji. Nao wengi walimjibu kwa Kiswahili hichohicho. Kazi yake ilikuwa kujaza kadi za vibarua: jina, umri, mapigo ya moyo, mzima au mgonjwa. Kalamu ilikuwa yake. Saa yenye mshale wa sekunde hakuwa nayo.

Miaka miwili iliyopita alijaza kadi ya Mpundu, baba yake Ennie.

Mpundu alibeba masanduku ya samaki mgongoni, kutoka kwenye mashua mpaka kwenye lori, juu ya ubao mmoja mwembamba. Mwaka ule alianza kuanguka. Giza lilimjia bila taarifa, likaondoka, naye akasimama akijikung'uta mavumbi na kuomba radhi. Mara ya tatu, msimamizi alimpeleka kwa Davison. Davison hakumgusa. Aliandika: sabini na mbili, mzima, mlevi. Wiki mbili baadaye Mpundu aliangukia majini kati ya mashua na nguzo, sanduku likiwa bado limefungwa mgongoni. Kampuni haikutoa kitu, kwa sababu kadi ilisema mlevi. Wazee wa kanisa nao wakaiomba ile kadi, wakaisoma, wakalikata jina lake kwenye daftari la washirika. Katika kanisa lao mlevi hazikwi kwa kengele wala kwa wimbo. Mama yake Ennie alilipita kaburi jipya kila Jumapili akienda kukaa benchi la nyuma, na mpaka siku hiyo hakuwa amerudi kukaa na wanawake wenzake mbele.

Ennie alikuwa chuoni wakati wa msiba. Miezi michache baadaye, daktari aliwaonyesha wanafunzi mashine mpya iliyochora mapigo ya moyo kwenye utepe wa karatasi. Alisema moyo unajiendesha kwa umeme mdogo sana. Cheche inaanzia juu, upande wa kulia, vyumba vya juu vinajikaza. Cheche inangoja kidogo katikati, kisha inashuka na vyumba vya chini vinasukuma damu mwilini. Kisha akawaonyesha utepe wa mzee mmoja aliyekuwa akizimia. Mawimbi madogo yalipita kwa mpango, sabini kwa dakika. Makubwa yalikuja yalivyotaka, thelathini na kitu. Barabara ya katikati ilikuwa imekatika.

Wenzake hawakuelewa. Ennie alielewa mara moja, kwa sababu alikulia kwenye mitumbwi. Mtu wa nyuma anagonga ubavu wa mtumbwi kwa kasia, na wa mbele wanafuata mlio ule. Upepo ukila sauti, yule wa nyuma anaendelea kugonga, na wa mbele wanapiga makasia yao polepole, kila mmoja kwa akili yake. Mtumbwi hausimami. Unasuasua tu, mpaka siku wa mbele nao wanapopumzika.

Ndipo alipokumbuka Krismasi ya mwisho, alipoushika mkono wa baba yake wakirudi kanisani. Alikuwa ameyasikia yale mapigo. Polepole, mazito. Alidhani ndio utulivu wa mtu anayezeeka. Hakuhesabu. Tangu siku ya utepe, alihesabu dakika nzima kwa kila mtu.

Sasa Davison alikuwa ameketi kwenye kiti mbele ya meza ya Ennie, akilamba vumbi kwenye midomo. Alitoa kadi mbili tupu za kampuni.

"Bon. Nimepata kazi ya kusimamia nyumba mupya ya barafu," alisema. "Na nyumba ya matofali ya kuishi. Lakini muzungu anasema siwezi kujiandikia kadi mwenyewe, iandikwe na serikali. Nilileta mbili, mutu anaweza kuharibu moja. Andika sabini na mbili, piga muhuri."

Mlangoni alisimama Patson, dereva wa kampuni, ufunguo wa lori ukining'inia kidoleni. "Na mi nimeambiwa bahasha ipite mkononi mwangu," alisema. "Makaratasi yote yanaondoka leo kwenda ofisi kuu Fort Rosebery."

"Lazima nihesabu," alisema Ennie. Sauti yake ilikuwa ndogo, kama kawaida.

"Hesabu ya nini? Miaka munane niliandika sabini na mbili ku kila kadi. Hakuna mutu alikuja kulalamika."

Ennie alimshika mkono. Pigo. Alingoja. Pigo. Alitazama shingo yake: mshipa uliokuwa chini ya sikio ulikuwa ukirukaruka upesi, mara mbili na zaidi kwa kila pigo la mkononi. Juu kulikuwa kunagongwa. Chini hakuna aliyesikia. Dakika ilipokwisha alikuwa na thelathini na nne.

"Umeanguka mara ngapi mwezi huu?"

"Niliteleza."

"Mara ngapi, ba Davison?"

"Ine. Tano na ya leo." Alipunguza sauti. "Ni malaria?"

"Ni umeme wa moyo. Unaanzia juu, haufiki chini."

"Umeme? Mi niko na umeme mu mwili kama tochi?"

"Basi tutakutundika ku barabara usiku, ba Davison," alisema Dorica. "Serikali haijatuletea taa." Benchi lilicheka tena, na Davison akaukaza uso.

Kingsley alitoka chumba cha dawa, akamvuta Ennie kando. "Mwandikie anachotaka. Hiyo kampuni ndiyo inatupa mafuta ya taa. Friji ya chanjo inawaka kwa mafuta yao. Umenielewa?"

"Ndiyo, ba Kingsley."

Alirudi mezani. Alijua nyumba ya barafu. Kila mtu alikuwa ameiona ikijengwa. Ngazi ya chuma ilipanda ukutani mpaka kwenye matangi, na chini yake kulikuwa na sakafu ya saruji. Msimamizi angeipanda mara tatu kwa siku. Ennie aliwaza sekunde tisa katikati ya ngazi ile. Aliwaza vizuri, bila haraka, kama mtu anayechagua kitambaa dukani. Kisha akachovya kalamu, akavuta kadi ya kwanza, akaandika sabini na mbili. Namba ilitoka safi, imenyooka. Hilo ndilo lililomshangaza.

Davison aliona namba, mabega yakashuka. Akawa mchangamfu.

"Sasa tumesikilizana. Unajua, mutoto, kuandika mutu mugonjwa ni kazi nyepesi, lakini ni mubaya. Mutu akiandikwa mugonjwa hafiki saa sita. Anatoka mu nyumba ya kampuni siku ile ile, na bibi yake, na sufuria. Juzi niliandika kibarua mumoja mugonjwa, Bwembya, akatolewa. Analala inje ya geti, anaomba askari maji. Batu banapita banamuita mulevi. Kufa ni afadhali."

Ennie aliweka kalamu chini. Alitazama kadi, wino wake bado unang'aa.

"Namba imekaa vibaya," alisema. "Nitatumia hii nyingine."

Aliikunja ya kwanza akaitia mfukoni. Kwenye ya pili aliandika taratibu, mkono wake ukiikinga kadi. Alipiga muhuri. Namba ileile aliiandika kwenye daftari kubwa la zahanati, akafunga bahasha kwa gundi, akampa Patson. Lori liliwaka, likageuka mbele ya foleni, likaondoka na vumbi lake.

"Asante," alisema Davison, akiinama kuchukua kofia.

"Ba Davison. Nimeandika thelathini na nne."

Aliinuka kwa kushika meza. "Unasema nini?"

"Nenda hospitali kubwa. Kuna vidonge vya kuongeza mapigo kidogo. Barabara yenyewe hakuna anayejua kuitengeneza. Usipande ngazi. Usiingie kwenye mtumbwi peke yako."

"Rudisha ile lori." Alimgeukia Kingsley, aliyekuwa akilitazama daftari. "Ba Kingsley, mwambie. Saa hizi watanitoa mu nyumba. Niko na watoto sita." Kisha kwa Ennie, "Nilikufanya nini, mi?"

"Ulimwandikia tata yangu kadi. Mpundu."

Davison alikunja uso, akitafuta. Alitafuta kwa kweli, na hilo lilikuwa baya zaidi. "Mpundu gani?"

Ennie aliifunga chupa ya wino.

"Batu ni bengi," alisema Davison. "Na geti si mi niliitengeneza. Ni bazungu."

"Najua. Kalamu ilikuwa yako."

Dorica alisimama, shuka begani, akamshika Davison mkono kama anayemfariji mfiwa. "Ba Davison, mushukuru huyu mutoto. Angeandika uwongo ungekufa. Yeye ana huruma, tunamujua. Hata sindano akichoma, machozi yanamtoka yeye. Amekuokoa."

Benchi zima liliitikia. Kingsley alitikisa kichwa taratibu, akikubali. Ilikuwa njia nzuri ya kulifunga jambo. Ennie alikuwa amezoea watu wamsemee, naye kuinamisha macho. Aliyainamisha. Aliona saa yake kifuani, mshale wa sekunde ukizunguka. Kisha akatia mkono mfukoni, akatoa kadi iliyokunjwa, akaifungua mezani, namba ikimtazama Davison.

"Si huruma, mama Dorica," alisema, na kwa mara ya kwanza watu wa nyuma ya foleni walimsikia. "Hii ndiyo niliyoandika kwanza. Nilitaka apande ile ngazi, aanguke kama tata. Halafu akasema mwenyewe kwamba kufa ni afadhali. Nimeandika thelathini na nne ili uishi, ba Davison. Uishi sana. Ukae nje ya geti na Bwembya, na kila ukianguka, watu wapite wakuite mlevi."